Yule Mwanamke Aliyefunua Majamvi

Kabla sijaja Guangzhou nilikuwa nafunga spika. Ndiyo kazi niliyoanza nayo Morogoro. Nilikuwa na spika zangu kubwa, jenereta na kipaza sauti cha mkononi, na watu walinikodi kwenye harusi, mikutano ya injili na misiba. Misiba ndiyo ilikuwa mingi. Ukifunga spika msibani unakaa pembeni karibu na jenereta, unasikia kila kitu na hakuna anayekutazama. Nilijua mchungaji ataomba sauti ipunguzwe wakati gani, na shangazi yupi atanyang'anya kipaza sauti aseme neno ambalo familia haikutaka lisemwe. Baadaye nikawa narekodi kwaya, kisha redio moja ya pale mjini ikaniajiri, na kutoka redioni nikapata udhamini wa kuja huku kusoma sauti za filamu.

Mwalimu niliyepangiwa ni mama anayekaribia kustaafu, mfupi, nywele ameziacha ziwe nyeupe. Kazi yake ni kutengeneza filamu za zamani zilizoharibika. Wanafunzi tunamwita laoshi, yaani mwalimu, na hata ukikutana naye sokoni anachagua samaki bado ni laoshi. Yeye na mimi huzungumza Kichina changu cha kubabaisha na Kiingereza chake kidogo, na pale vyote viwili vinapokwama anachora.

Ilikuwa miezi ile ya unyevu, kuta za maabara zinatoka jasho na nguo hazikauki, alipoingia na kopo la biskuti la bati. Familia moja ilikuwa inahama nyumba ya mababu inayobomolewa, wakalikuta juu ya dari. Ndani ya kopo mlikuwa na filamu imejiviringisha, inanuka soksi. Aliniambia nisogee mbali, kwa sababu filamu za enzi zile hushika moto kirahisi kama petroli. Aliishughulikia peke yake kwa majuma kadhaa. Sehemu ya ndani kabisa ya ule mviringo ilikuwa imegandamana kuwa bonge, akaiweka kando. Iliyobaki akaisafisha, akaiingiza kwenye kompyuta, ndipo akaniita nione.

Haina sauti wala maandishi. Hatukuweza kujua mpiga picha alikuwa nani, wala ile boti ilikuwa inatoka wapi kwenda wapi. Laoshi aliutambua mto tu, Mto wa Lulu, huu huu tunaouvuka kwa metro, treni ya chini ya ardhi, kila siku bila kuuona.

Picha ya kwanza ni boti ya mvuke imelala ubavu, bomba lake la moshi limegusa maji. Mitumbwi imeizunguka, na wanaume wamesimama ndani yake na miti mirefu yenye kulabu. Kuzama kwenyewe hukuoni, kulishapita. Picha ya pili ni ukingo wa mto. Majamvi yametandazwa kwa mstari mrefu kwenye tope, na kila jamvi limefunika mtu. Ni majamvi mafupi, nyayo zinatokeza. Watu wanapita taratibu, wanainama, wanafunua pembe, wanatazama, wanafunika. Kando kuna muuza chakula ametua mzega wake wa begani, chungu kinafuka, na watu wanakula wamesimama. Watoto wanaitazama kamera na kucheka.

Yule muuza chakula alinikera mara ya kwanza. Halafu nikakumbuka masufuria ya wali kule kwetu, na foleni ya sahani wakati kaburi bado linachimbwa, nikaacha kukereka.

Kisha anaingia mwanamke. Amevaa suruali pana nyeusi, kichwa wazi. Anafunua jamvi, anatazama, anafunika, anasogea. La pili, vilevile. Mpiga picha alikuwa amemwona, kwa sababu kamera inaanza kumfuata yeye na kuwaacha wengine. Karibu na mwisho wa mstari anafunua jamvi moja na hafuniki. Anakaa chini kwenye tope, pembe ya jamvi bado iko mkononi. Hapo picha inakuwa nyeupe na filamu inakatika, maana kilichofuata kilikuwa ndani ya lile bonge.

"Amempata," nikasema.

"Amempata," laoshi akasema.

Akafunga kompyuta.

Filamu ile ilikuwa iende kwenye ukumbi wa maonyesho ya historia ya mto. Laoshi alitaka iwe na sauti. Mimi sikutaka. Nilimwambia ilipigwa kimya, iachwe kimya. Akanijibu kwamba amekaa kwenye kumbi hizo na kuwatazama watu. Filamu isiyo na sauti wanaipita wakiwa kwenye simu.

"Nataka wasimame," alisema. "Wakishasimama, waone wenyewe."

Basi nikaanza. Kwanza ilibidi aipunguze mwendo. Wapiga picha wa wakati ule walizungusha kamera kwa mkono, na ukiiendesha kwa mwendo wa siku hizi watu wanarukaruka kama kuku. Wafiwa wanaoruka kama kuku wanachekesha, na ndiyo maana filamu nyingi za namna ile huchekwa. Laoshi aliendelea kupunguza kidogo kidogo mpaka siku moja wale watu wakapata uzito. Yule mwanamke alipoinama, ukaona mgongo unamuuma.

Mimi nikatafuta majamvi. Siku hizi huku majamvi ya matete hayapatikani ovyo, nikayapata kwa muuza mimea. Niliyalowesha, nikayaacha yakauke nusu, nikayafunua na kuyafunika mbele ya maikrofoni mpaka vidole vikachubuka. Jamvi kavu linapasuka kama karatasi, jamvi bichi halina sauti kabisa. Kati ya hayo mawili kuna sauti moja nzito, kama mtu anavuta pumzi kwa pua. Hiyo ndiyo niliyoitaka. Nilijaza tope kwenye beseni pana, nikanunua viatu vya kitambaa, nikatembea mle. Maji niliyarekodi mtoni, mashua zikiwa mbali.

Kikabaki kilio. Laoshi alisema ukingo wenye maiti kiasi kile hauwezi kukosa kilio. Mimi, kwa misiba yote niliyofungia spika, nilijua ni kweli. Tulijaribu vilio vya kununua mtandaoni. Vilikuwa vilio vya waigizaji. Ukivisikia unajua kabisa wameambiwa waanze. Tukavifuta.

Siku moja laoshi akaniambia kwamba alipokuwa mdogo, kijijini kwao, wanawake hawakulia ovyo. Walilia kwa maneno. Bibi yake alikaa mbele ya jeneza la mumewe akamweleza maisha yao yote kwa kuimba, na mabaya ya marehemu aliyataja, na majirani walisikiliza. Nikamwambia aingie studio ajaribu. Akaingia, akasimama mbele ya maikrofoni na mikono yake nyuma, kama mtoto wa shule. Nikasubiri. Midomo ilicheza kidogo, haikutoa kitu. Akatoka.

"Sikumbuki maneno," alisema. "Nakumbuka tu nilijificha chini ya meza."

Hapo ndipo mama mmoja wa kwetu aliponipigia simu kwamba ametua Guangzhou.

Ni mfanyabiashara wa nguo wa Morogoro, mtu wa makamo, muumini wa kanisa la kwetu. Nilimfahamu tangu siku za kurekodi kwaya, maana alikuwa akiimba sauti ya pili. Huja Guangzhou mara chache kwa mwaka, na akija mimi ndiye mkalimani wake. Namwita mama, ananiita mwanangu, na watu wengi wa huku wanadhani kweli kanizaa.

Tulishinda Guangyuan Xilu, mtaa wa masoko ya nguo, tangu maduka yalipofunguliwa. Alikuwa anatafuta makoti ya watoto. Yale majengo ni ghorofa juu ya ghorofa za nguo, wabeba mizigo wanakupitia na marobota na hawakuombi njia. Mama ana Kichina chake cha sokoni, maneno machache anayoyatumia bila huruma. Anashika koti, analigeuza ndani nje, anavuta zipu, anamtazama mwenye duka, anamwambia, "Laoban, tai gui le," bosi, ghali mno, halafu anaanza kuondoka polepole. Mimi huitwa mambo yakiwa magumu.

Mchana tukaketi kwenye kimgahawa cha chini kusubiri robota lifungwe. Akaniuliza masomo. Nikamwambia kuna filamu inanisumbua, ya ajali ya boti. Niliisema tu, sikuwaza. Nilikuwa namjua kwa kwaya na kwa biashara. Ya nyumbani kwake sikuyajua.

"Nionyeshe," alisema.

Nikampa simu. Aliitazama ameinamisha kichwa, supu yake inapoa. Ilipokatika akairudisha mwanzo mwenyewe, akaitazama tena.

"Hawa ni wapi?"

"Hapahapa, mama. Zamani sana."

"Na huyu mwanamke. Nyie mnasemaje juu yake?"

"Tunaona amempata mtu wake."

Akatikisa kichwa. "Hajampata huyu."

"Mbona amekaa?"

"Amechoka. Huyo aliye chini ya jamvi si wake, na mstari umekwisha." Aliweka kidole juu ya kioo, pale kwenye mkono wa yule mwanamke. "Angekuwa wake angemfunika. Usingemuacha mtu wako wazi hivyo, watu wanapita, na huyo mwenye kamera amesimama."

Akanirudishia simu, akala kidogo, akaweka kijiko. Ndipo akaniambia. Aliniambia kwa sauti ileile ya kuongelea makoti.

Alikuwa na binti, wa pili kuzaliwa. Siku hizo walikaa kijijini, na mashamba ya mpunga yalikuwa ng'ambo ya mto. Wakati wa mavuno watu walivuka kwa mtumbwi mkubwa wa injini. Jioni moja mtumbwi ulijaa watu na magunia, yeye akabaki ng'ambo kumalizia kupepeta, binti akatangulia na majirani. Mtumbwi ulipinduka karibu kabisa na kufika. Waliokuwa wamesimama ukingoni waliwaona watu usoni.

"Waliletwa mmoja mmoja," alisema. "Waliwalaza pale penye mnada wa samaki, wakawafunika maturubai na kanga. Nilifunua wote. Kesho yake wakaletwa wengine, nikafunua. Nilitembea na mto mpaka kwenye matete ambako hata wavuvi hawaendi. Hayupo. Mpaka leo hayupo."

"Pole sana, mama. Sikujua. Nisingekuonyesha."

"Ungejuaje? Huwa sisemi." Akavuta bakuli karibu, akalisukuma tena. "Walitaka tufanye matanga bila mwili. Baba yake alikubali. Mimi nilikaa pale mkekani siku zote za msiba, sikulia. Nilisema nikilia nitakuwa nimekubali."

Mbebaji akaja kutuambia robota liko tayari. Tukainuka. Kwenye ngazi, mimi nikiwa mbele, akaniuliza kwa nyuma, "Mwanangu, kitu gani kinakusumbua kwenye hiyo filamu?"

Nikamwambia ukweli, kwamba tumekosa kilio.

"Jumapili natoka ibadani saa sita," alisema. "Nitakuja."

Nilimwambia si lazima. Nilimwambia sikumwonyesha kwa ajili hiyo. Akasema anajua. Nilimpigia siku iliyofuata kumwambia anaweza kuahirisha, akaniuliza kama nimeshapata mtu mwingine. Nikasema hapana. "Basi," akasema.

Jumapili jengo letu huwa tupu. Alikuja na kitenge chake cha kanisani na kilemba, amebeba Biblia ndani ya mfuko wa plastiki wa dukani. Laoshi alikuwa amefika mapema akachemsha maji. Alimpa mama kikombe cha maji moto kwa mikono miwili, na mama akakipokea kwa mikono miwili. Hawakuwa na lugha ya kuzungumza. Walitazamana tu na kuitikiana kwa vichwa, na laoshi akamwekea mto kwenye kiti.

Nilimweleza mama kwamba nitamwonyesha filamu kwenye skrini kubwa, aitazame, na akiwa tayari aanze. Asipoweza, tutakunywa chai twende zetu. Akaingia kwenye chumba cha kurekodi. Mimi na laoshi tukabaki nje, upande wa pili wa dirisha la kioo, mimi nimevaa hedifoni.

Aliitazama mpaka yule mwanamke alipokaa kwenye tope.

"Zima," alisema.

Nikazima. Alisimama mbele ya skrini tupu. Nilikuwa nasubiri kilio, na nilishajiandaa kupunguza sauti ili mashine isizidiwe, kama nilivyofanya misibani.

Hakulia. Aliita jina.

Aliliita kama mtu anayemwita mtoto kutoka uani, jina lote, ameivuta silabi ya mwisho. Akanyamaza, akasikiliza. Akaliita tena kwa nguvu zaidi, kama mtu aliyesogea hatua kadhaa kando ya maji. Akamwambia arudi nyumbani. Akamwambia giza linaingia. Ndugu zako wameshakula, alisema, chako nimekifunika. Akaita tena. Kadiri alivyoita ndivyo alivyosikiliza kwa muda mrefu, na ule muda wa kusikiliza ulikuwa mbaya kuliko kuita, kwa sababu kwenye hedifoni nilisikia pumzi yake ikingoja. Mwishoni sauti ilikwaruza ikakatika katikati ya jina. Akainama akashika magoti, na hapo ndipo alipolia, kwa sauti ndogo ya kikohozi, na hakikuwa kilio ambacho ungeweza kukitumia popote.

Sikuzima mashine. Niligeuka nikamwona laoshi amevua miwani yake ameishika mkononi. Aliinuka akaingia mle ndani, akamketisha mama kwenye kiti, akachuchumaa mbele yake akamshika miguu, juu ya viatu.

Baadaye, tukinywa chai, laoshi aliniuliza yale maneno yalikuwa nini. Jina alishaelewa kwamba ni jina. Nikamtafsiria yaliyobaki. Pale kwenye chakula kilichofunikwa nilishindwa kupata neno la Kichina, nikaweka kiganja juu ya kikombe changu. Akaelewa.

Akaweka kikombe chini, akasema hataitumia.

"Kwa nini?" nikauliza. Nilikuwa nimefanya kazi ya sauti miaka yote hiyo na sijawahi kurekodi kitu kama kile.

"Filamu ile itazunguka pale ukumbini toka asubuhi mpaka jioni. Ikiisha inaanza upya. Mtoto wake ataitwa siku nzima, kila siku, na wafagiaji watakuwa wameshachoka kumsikia." Akavaa miwani. "Tena hawa wa kwenye majamvi ni watu wetu. Yeye ana wake."

Nikamwambia mama kwa Kiswahili kwamba haitatumika. Niliona uso wake unanywea.

"Haikuwa nzuri?"

"Ilikuwa nzuri, mama." Nikamweleza sababu ya laoshi, neno kwa neno. Alisikiliza huku amemtazama laoshi, si mimi.

"Mwambie namshukuru," alisema. "Basi niwekee kwenye simu yangu."

Nikamwekea.

Siku alipoondoka nilimsindikiza uwanja wa ndege wa Baiyun kwa metro. Makoti yalikuwa yameshapelekwa kwa wakala wa kusafirisha, yaende na kontena kutoka bandari ya Nansha. Mkononi alikuwa na begi la sampuli na vitu vya wajukuu. Tulizungumza uzito wa begi njia nzima. Kwenye lango la ukaguzi akanishika bega. "Msalimie yule mwalimu," alisema. "Na yule mwenzangu." Alimaanisha mwanamke wa kwenye filamu.

Ikawa hivyo kila alipotuma ujumbe wa sauti. Anauliza kontena limefika wapi, anauliza masomo, halafu mwishoni: "Na yule mwenzangu hajambo?" Nikawa namjibu hajambo, bado yuko palepale kwenye tope.

Filamu iliendelea bila kilio. Mimi na laoshi tulikubaliana iwe maji, majamvi, nyayo, na watu wakinong'ona kwa mbali, basi. Nilidhani nimemaliza. Miezi miwili baadaye laoshi akaniita.

Kumbe hakuwa ameliacha lile bonge. Alikuwa ameliweka kwenye chombo chenye mvuke, siku hata siku, akawa anabandua picha moja moja kwa kijiti cha mianzi. Nyingi ziliyeyuka mikononi mwake. Zilizosalia zilikuwa na madoa kama ya ukurutu, pembe zimeliwa. Alikuwa amezipanga kwenye kompyuta. Ni kipande kifupi mno. Ukipiga chafya kinakupita.

Ni ukingo uleule. Wanaume wawili wamebeba ubao, na juu ya ubao kuna kitu kidogo kimefungwa ndani ya jamvi, kimefungwa vizuri, kwa kamba. Nyuma yao anakuja yule mwanamke. Ana mwavuli, na hatukujua ameupata wapi. Ameufungua, ameunyoosha mbele kumkinga yule aliye juu ya ubao, na yeye mwenyewe anatembea juani. Wanapita mbele ya kamera na kutoka. Kisha madoa yanajaa, hakuna kitu tena.

"Alikuwa wake," nikasema.

Laoshi akaitikia kwa kichwa.

Nilirudi kwenye beseni la tope. Ilibidi nifanye nyayo za wale wanaume wawili, nzito, zilizoshikana, halafu nyayo zake. Za wanaume zilikuwa rahisi. Zake nilizirudia mara nyingi na laoshi alikuwa akikataa. Haraka mno, alisema. Halafu, polepole mno, huyo anaogopa kuachwa nyuma. Mwishowe nilivua vile viatu nikatembea pekupeku, akakubali.

Sikujua la kufanya kuhusu mama. Laoshi nilimuuliza, akasema hilo si la filamu, ni la watu wawili wanaofahamiana, na yeye hawezi kuniamulia. Nilifikiri kunyamaza. Mama alikuwa amejichagulia mwenzake, mtu aliyefika mwisho wa mstari kama yeye akakosa, na mimi nilikuwa naenda kumnyang'anya. Lakini kila wiki alikuwa ananiuliza, na kila wiki nilikuwa namjibu yuko palepale, na sasa hilo lilikuwa uongo.

Nikampigia. Kwake ilikuwa asubuhi, yuko dukani. Nilisikia bodaboda zinapita na mtu anafungua mlango wa chuma. Alinieleza kwanza habari zake. Ile sauti, alisema, alimpelekea baba wa mtoto, ambaye siku hizi anakaa na familia nyingine. Yule baba aliisikiliza yote, kisha akamrudishia simu akamwambia asimletee tena. "Sikumlaumu," alisema. "Na yule mwenzangu?"

"Mama, mwalimu amefungua kipande kilichokuwa kimeganda. Kuna picha zaidi."

Bodaboda nyingine ikapita.

"Alimpata," nikasema. "Yule aliyekuwa chini ya jamvi alikuwa wake."

Ule mlango wa chuma ulimaliza kufunguliwa. Kuna mtu alimsalimia, hakumwitikia.

"Ni mdogo?" aliuliza.

"Mdogo."

"Wamembeba?"

"Wamembeba wanaume wawili kwenye ubao. Wamemfunga vizuri. Yeye anafuata nyuma na mwavuli, anamkinga jua."

Nilisubiri. Nilisikia pumzi yake, na kwa sababu ya kazi yangu niliitambua. Ilikuwa ile ya kwenye hedifoni, ya mtu anayesikiliza.

"Afadhali yake," alisema.

Nikasema ndiyo, mama.

"Afadhali yake," akarudia, taratibu zaidi. Kisha akamwitikia yule aliyemsalimia, akamwambia asubiri kidogo. Aliporudi kwenye simu sauti ilikuwa ya dukani. Makoti ya mara ile yamekwisha, alisema, baridi ya Njombe inaanza na wateja wa huko wameshaanza kuuliza. Nimtazamie yale yenye kofia, zipu za chuma, siyo za plastiki, nimtumie picha. Yule laoban wa ghorofa ya pili asinizungushe, nimwambie ni yule mama wa Tanzania.

Kesho yake asubuhi nikapanda metro kwenda Guangyuan Xilu.